Kaburi la Lusajo na Jiwe la Wafoinike

Tangu nirudi, kila ninaposimama hapa Tukuyu, iwe dukani nikinunua misumari au nje ya kanisa baada ya ibada, naulizwa swali lile lile: "Gwakisa, huko Ugiriki kulikuwaje?" Wengine wanataka kusikia habari za ndege. Wengine wanataka kujua nimeleta nini. Nimekuwa nikijibu vipande vipande, mpaka maneno yangu yameanza kunirudia yakiwa yamegeuka: eti nilifungwa Misri, eti nilimkuta mdogo wangu hai, ana mke wa Kizungu. Ndiyo maana nimekaa nikaandika. Habari za pasi na viza naziruka. Wengi wenu mlichanga, mnazijua.

Kwa asiyenijua, mimi ni fundi wa makaburi. Napanga tofali, napiga plasta, na saruji ikiwa bado mbichi naandika jina la marehemu kwa ncha ya mwiko mdogo. Kuanzia Kisiba hadi Suma, ukikuta kaburi ambalo herufi zake zimesimama sawasawa, uwezekano ni mkubwa kwamba ni mkono wangu.

Lusajo alikuwa mdogo wangu wa kumfuata. Alifanya kazi kiwanda cha chai. Enzi za ruksa, za soko huria, zilipoingia, kiwanda kikapunguza watu, naye akawa mmoja wao. Akakaa nyumbani Ikuti mwaka mzima akikata mikungu ya ndizi ya mama, halafu akaenda Dar es Salaam, akazamia meli. Tulipata kadi mbili zenye picha za bandari. Kisha ikaja barua ya Kiingereza kutoka kwa mtu tusiyemjua aitwaye Hasan. Alisema Lusajo alianguka ndani ya tumbo la meli wakati wakikwangua kutu kwenye bandari ya Pireo, Ugiriki, akafa palepale, na kwamba wao mabaharia walimzika.

Mama yetu, tunamwita Juba kama Wanyakyusa wengi wanavyowaita mama zao, nilimsomea barua ile mara mbili. Akaniambia, "Mimi silii karatasi." Akakataa kilio kisifanyike. Wazee wa ukoo walimsihi, mchungaji alimsihi. Miaka mitatu ikapita hivyo, mtu amekufa na nyumba haijalia.

Barua ya pili ya Hasan ndiyo iliyoniondoa hapa. Aliandika kwamba kule kaburi ni la kuazimwa. Mtu akishalala miaka mitatu, wanamfukua. Mwenye ndugu, mifupa yake inaoshwa na kuwekwa kwenye sanduku. Asiye na ndugu, inamwagwa shimoni pamoja na ya wengine. Siku ya Lusajo ilikuwa Ijumaa fulani, na alinitajia tarehe. Juba aliposikia alisema, "Basi nenda ukamlete." Nikatengeneza sanduku dogo la mbao za mninga, urefu wa mfupa wa paja. Juba akaweka ndani kitenge chake kipya cha kumfungia.

Tukuyu hadi Dar es Salaam

Niliondoka Jumamosi. Basi lilikwenda vizuri mpaka mlima Kitonga, hapo likakata springi. Tulikaa kando ya barabara tangu saa sita mchana mpaka kesho yake asubuhi. Nilikaa karibu na mama mmoja wa Uyole aliyekuwa akipeleka viazi mjini. Alitugawia vya kuchoma, akawa analitazama sanduku langu.

"Fundi, hilo ni la redio?"

"La mdogo wangu," nikasema.

Akadhani nimemfichia mdogo wangu zawadi. Akalichukua mapajani, akalisifia kona zake, akagongagonga mbao. Sikuwa na moyo wa kumweleza. Mpaka tunaagana Dar es Salaam alikuwa akisema, "Atafurahi huyo mtoto."

Mpaka leo kauli hiyo huniuma kuliko maneno mengi niliyosikia baadaye.

Kairo

Nilitakiwa kubadilisha ndege Kairo Jumatatu jioni. Askari wa forodha alifungua sanduku langu, akaona halina kitu ila kitenge. Akaniuliza kwa Kiingereza ni la nini. Kiingereza changu ni cha darasani, tena cha zamani, na hofu ilinimalizia hata hicho kidogo. Likanitoka neno la kwetu: "Kaburi."

Akaruka kama aliyekanyaga moto. Kumbe neno hilo ni lao. Akaniuliza, "Mayyit?" Nami nikasikia "maiti", nikafurahi kwamba tunaelewana, nikajibu, "Ndiyo, maiti! Maiti wa ndugu yangu!" Nikawa naonyesha sanduku.

Wakaja askari wanne. Wakataka kujua maiti yuko wapi, nimemtoa wapi, na kama amebaki Dar es Salaam. Walipasua bitana ya begi langu. Walinikalisha kwenye chumba chenye kiti kimoja, na ndege yangu ikaondoka nikiisikia. Alikuja baadaye mkubwa wao, mtu mzima aliyewahi kufanya kazi Mombasa, akanisikiliza kwa Kiswahili cha kuokoteza. Alipoelewa alijishika kichwa, akaniomba radhi. Lakini nafasi kwenye ndege nyingine haikuwapo mpaka alfajiri ya Ijumaa.

Ijumaa ilikuwa ndiyo siku ya kaburi.

Siku tatu nzima nilikaa kwenye viti vya uwanja ule. Mzee mmoja aliyekuwa akipiga deki aliniletea kila asubuhi mkate na maharage yaliyopondwa, yamemwagiwa mafuta na ndimu. Hatukuwa na lugha. Alikuwa akikaa pembeni yangu mpaka nimalize, anaonyesha sanduku, anatikisa kichwa, anachukua bakuli lake. Nilikula kwa sababu yake. Kichwani nilikuwa nikihesabu saa na kuona shimo limejaa mifupa na mtu anamwagia ya Lusajo juu.

Pireo

Hasan aliningoja uwanja wa ndege wa Athene Jumanne na Jumatano. Alhamisi alikata tamaa. Nilipofika Ijumaa hapakuwa na mtu. Nilichokuwa nacho ni karatasi yenye anwani ya makaburi. Niliionyesha kwa dereva wa basi na kwa kila mtu barabarani, na kila mtu alinielekeza kwa mkono, mpaka nikafika geti lenye misonobari mirefu ndani yake, saa nne asubuhi, sanduku mkononi.

Ofisini alikuwepo mwanamke wa makamo aliyevaa miwani. Hapa inabidi niseme kitu ambacho nyumbani sikukisema. Mdogo wangu hakuzikwa kwa jina lake. Alipata kazi melini kwa karatasi za Mmalawi mmoja, John Banda, na kwa wenye meli alikuwa Banda mpaka siku ya kufa. Hasan alinionya kwenye barua. Kwa hiyo nikamwuliza yule mama kama John Banda bado yupo kaburini.

Akatazama kitabu chake, akajibu, "Ne."

Nikasikia "no" ya Kiingereza iliyopinda. Nikamwuliza, "Wameshamtoa?"

Akainua kidevu juu, akapiga ulimi kwenye meno, "tsk." Kwetu mtu akiinua kichwa namna hiyo ni kama anakuambia, kwani wewe hujui? Nikaelewa kwamba wameshamtoa, wamemmwaga.

Nilitoka nje nikakaa chini kwenye kokoto. Sikulia. Nilikuwa nafikiria maneno nitakayomwambia Juba, nayo hayakuwapo. Bibi mmoja wa Kigiriki aliyevaa nguo nyeusi toka kichwani mpaka miguuni alikuwa akitoka kaburini kwa mtu wake, ana sinia. Alisimama mbele yangu, akanikamata mkono, akakifungua kiganja, akanitilia ngano iliyochemshwa, ina sukari na zabibu kavu. Kumbe ndicho chakula chao cha kuwakumbuka wafu, na anayepewa hakatai. Mimi nilidhani ameniona ombaomba. Nikala hivyo hivyo, kwa aibu, yeye akinitazama.

Hapo ndipo nikasikia mtu anaita, "Kaka! Kaka Gwakisa!"

Alikuwa Hasan, mtu mfupi, mwenye ndevu zenye mvi, koti la baharia. Alinijua kwa sura; mimi na Lusajo tulifanana paji la uso. Akanikumbatia, akasema kitu kilichonimaliza nguvu: "Ndaga fijo. Ndaga fijo kuja." Asante sana, kwa Kinyakyusa, kutoka mdomoni mwa Mwarabu wa Lebanoni. Miaka minne alilala kitanda cha chini ya Lusajo melini, na Kiswahili chake chote, cha kusema si cha kuandika, alikipata kwake, Kinyakyusa kikiwa ndani.

"Wameshamtupa," nikamwambia.

"Nani kasema?"

"Mama wa ofisini. Kasema no."

Hasan akafumba macho. "Kaka, hapa *ne* ni ndiyo. Na hivi," akainua kidevu na kupiga ulimi, "hivi ni hapana. Bado yupo. Wanasubiri sisi."

Makaburini

Sehemu ya wageni ilikuwa nyuma kabisa, karibu na ukuta. Msalaba wa mbao ulikuwa na maandishi haya: ΤΖΟΝ ΜΠΑΝΤΑ. Kwa kazi yangu siwezi kupita herufi bila kuzisoma. Nyingine nilizijua: T, Z, O, N. Halafu M, halafu kitu kama fremu ya mlango, halafu A, N, T, A. Nilizisoma kwa sauti, zikawa upuuzi. Hasan akanieleza kwamba Wagiriki hawana herufi moja ya kuandikia B yetu, wanaunganisha mbili. Kwa hiyo juu ya ndugu yangu palikuwa na jina lisilo lake, kwa herufi zisizo za kwao, limeandikwa kwa kuunga.

Walikuwepo wachimbaji wawili, msimamizi wao aitwaye Yorgo, na mwanamke aliyekuja na beseni na chupa ya divai ya kuoshea mifupa. Kwa karatasi zao mimi sikuwa ndugu wa mtu yeyote. Aliyeweka sahihi siku ya maziko ni Hasan, kwa hiyo yeye ndiye aliyekuwa mwenye maiti, nami nikasimama kama jirani.

Walichimba kwa uangalifu. Mimi nimechimbisha makaburi mengi, najua sauti ya jembe linapofika kwenye mbao. Lilipofika, wachimbaji wakaanza kutumia mikono. Kisha mmoja wao akanyoosha mgongo, akamwita Yorgo kwa sauti ya chini. Yorgo akainama, akatazama, akajifanyia ishara ya msalaba. Mwanamke wa beseni akaanza kukusanya vitu vyake.

"Nini?" nikamwuliza Hasan.

Alinishika mkono juu ya kiwiko.

Sitaeleza yote. Lusajo alikuwa hajaoza. Ardhi ile ilikuwa haijafanya kazi yake. Nguo zilikuwa zimeisha upande mmoja, ngozi imekauka na kuwa nyeusi kama ya ng'ombe iliyosahaulika juani, lakini alikuwa mtu. Uso ulikuwa uso. Mdomo ulikuwa wazi kidogo, na kati ya meno ya mbele palikuwa na mwanya wake, ule ambao tulipokuwa watoto alikuwa akipigia mluzi wa kuitia ndama.

Hasan alinitafsiria maneno ya Yorgo. Kwamba hutokea mara nyingi. Udongo wa pale umezikiwa watu juu ya watu kwa miaka mingi mno, umechoka, hauli tena. Kwamba sheria ni kumzika upya sehemu nyingine yenye ardhi mpya, na kumfungua tena baada ya miaka miwili. Kwamba haiwezekani kumsafirisha hivyo, hasa kwa jina lile na kwa ndugu kama mimi asiye na karatasi.

Nikatandika kitenge cha Juba. Tukamfunika. Tukambeba, wachimbaji wawili, Hasan na mimi, mita kama mia mbili, na alikuwa mwepesi. Hilo ndilo lililonitisha kuliko uso. Lusajo alikuwa mtu wa kubeba gunia la chai begani bila kusaidiwa, na sasa alikuwa mwepesi kama furushi la nguo.

Nilipotupa udongo nikamwita jina lake kwa sauti, nikamwambia kwa Kinyakyusa, "Gona kanunu." Lala vizuri. Hakukuwa na mtu mwingine wa kulisema.

Tulipokuwa tunanawa mikono bombani, Yorgo alikuja akamwambia Hasan jambo, kisha akaniangalia mimi. Hasan alinitafsiria akitazama maji.

"Anasema lile shimo la mifupa lina watu wengi, hawana wenyewe. Anasema, mama yako anangoja. Ukija Jumatatu na sanduku, atakupa. Ataosha vizuri. Anasema mama hajui mfupa huu na mfupa huu."

"Anataka kitu gani?"

"Hataki kitu. Anakuonea huruma."

Ndivyo ilivyokuwa. Yorgo hakuwa mtu mbaya. Macho yake yalikuwa mekundu.

Athene, jiwe la mtu wa Saida

Jumamosi yote sikula. Nililala kwenye chumba cha Hasan, ghorofa ya tatu juu ya duka la kamba za meli, nikiwaza neno moja tu: atajuaje? Juba angepokea sanduku. Tungefanya kilio. Angezika. Ningejenga kaburi zuri kuliko yote niliyowahi kujenga. Mtu gani angeumia? Kila nilipojibu "hakuna", nilijikuta nimekaa kitandani, sanduku mapajani.

Jumapili Hasan alisema, "Simama. Twende kuona mtu wa kwetu."

Alinipeleka Athene kwenye nyumba kubwa ya makumbusho. Alipita masanamu ya uchi ya Wagiriki bila kuyatazama, akanisimamisha mbele ya jiwe la kaburi. Nilianza kulikagua kama fundi: limechongwa kutoka bamba moja, kazi safi. Katikati mtu amelala, maiti. Upande mmoja simba amesimama kwa miguu ya nyuma, amemwinamia. Upande wa pili mtu anamzuia simba, na nyuma ya huyo mtu inatokeza pua ya meli.

"Huyu maiti alikufa hapa zaidi ya miaka elfu mbili imepita," Hasan alisema. "Mgeni. Mfoinike. Sisi watu wa pwani ya Lebanoni, zamani tuliitwa Wafoinike. Saida, kwetu, na Sur, na miji mingine. Tulipita bahari hii yote na meli, tunauza nguo nyekundu, vioo, mbao. Huyu kwao ni Ashkeloni, kusini kidogo. Ona, maandishi mawili. Haya Kigiriki, haya Kifoinike. Kwa Kigiriki anaitwa Antipatro. Kwa Kifoinike anaitwa Shem."

"Majina mawili?"

"Mtu mmoja. Kama ndugu yako. Kwa Wagiriki jina la Wagiriki, kwa wenzake jina la mama yake." Akaonyesha mstari wa chini. "Na aliyeweka jiwe hili ni mtu wa Saida. Ameandika jina lake. Siyo ndugu yake, siyo mji wake. Rafiki tu."

Alijuaje yote hayo? Alisema mwanafunzi mmoja wa Lebanoni alimsomea miaka ya nyuma, na tangu hapo kila meli ikitia nanga Pireo anakuja kulitazama, na kwamba aliwahi kumleta Lusajo. Lusajo alicheka sana kuona neno lenye maana ya mwana limeandikwa pale kwa herufi mbili, b na n. "Bin!" alisema. "Hasan, hata mimi ni bin!"

Nikasogea karibu na maandishi ya Kifoinike. Sikuyajua, lakini mkono wangu uliyajua. Hasan alinichorea kwenye pakiti ya sigara. A, akaigeuza kichwa chini miguu juu: pembe mbili na uso wa ng'ombe. "Alef. Ng'ombe." B, nyumba. M, mawimbi: "Maji. Sisi tunasema *mai*." R, kichwa: "*Ras*." Akasema Wagiriki waliwakuta Wafoinike sokoni wakiandika hesabu zao, wakazichukua herufi pamoja na majina yake, wakasema alfa, beta, bila hata kujua kwamba alfa ni ng'ombe. Warumi wakazichukua kwa Wagiriki. Wazungu wakazileta kwetu pamoja na Biblia. Miaka kumi na minane nimekuwa nikichora kichwa cha ng'ombe kwenye saruji za Rungwe, nami ni Mnyakyusa wa kufuga, na sikujua.

"Na simba?" nikauliza.

"Imeandikwa kwa Kigiriki. Simba alikuja kutawanya mwili wake. Wenzake wakatoka melini wakamzuia, wakamzika. Anasema, nimeiacha Foinike, mwili wangu uko katika ardhi hii."

Nilimtazama yule simba muda mrefu. Walinzi walianza kutuangalia. Nikaona kwamba nikienda kwa Yorgo kesho, nikajaza sanduku langu kwa mbavu za mtu mmoja na fuvu la mwingine, nikawapeleka Ikuti wakalale chini ya jina la Lusajo, na Lusajo mwenyewe nimwache chini ya jina la Banda, basi mimi ndiye yule simba. Nitakuwa nimewatawanya watu watatu kwa siku moja.

"Hasan," nikamwambia, "nataka saruji."

Pireo tena

Yorgo, Jumatatu, aliposikia nimekataa, alinyanyua mabega, kisha akatuletea mwenyewe mchanga na ndoo mbili za maji. Nilijenga bamba dogo. Kiofisi ilibidi jina la kwanza libaki lile lile, kwa hiyo niliandika kwanza ΤΖΟΝ ΜΠΑΝΤΑ, nikinakili msalaba. Chini yake, kwa herufi kubwa kuliko zote nilizowahi kuandika: LUSAJO MWAISUMO, IKUTI. Halafu nikampa Hasan mwiko. Saruji ilikuwa inaanza kukauka, na mstari wake wa Kiarabu ulipinda kulia. Nilimwuliza ameandika nini.

"Nimeandika, ameweka hili Hasan mtu wa Saida." Akafuta pua kwa mkono wenye saruji. "Na kaburi. Nimeandika *kaburi*. Hilo unalijua."

Sanduku nilimwachia. Aliapa kwamba kaburi litakapofunguliwa tena atakuwa amesimama pale, hata kama itabidi aache meli. Namwamini. Lakini ni baharia, na bahari haimwulizi mtu ameapa nini.

Ikuti

Safari ya kurudi haikuwa na kituko. Kairo nilipita bila mtu kunigusa. Yule mzee wa deki sikumwona.

Nilifika Ikuti asubuhi ya mawingu, mikono mitupu. Juba alikuwa amekaa mlangoni kwenye kigoda akimenya ndizi. Aliniona toka mbali, akaona sina sanduku, akaendelea kumenya. Nilikaa chini mbele yake, nikamweleza kila kitu: jina la uongo, miaka mitatu ya kuazima, udongo uliochoka, kitenge chake. Nilimweleza hata maneno ya Yorgo na jinsi nilivyolala nayo siku mbili. Njiani nilikuwa nimejiandaa kwa kila alichoweza kuniambia. Angeniita mjinga. Angesema kuna mtu kamroga mwanawe ndiyo maana ardhi imemkataa. Angesema ningemletea hata hiyo ya uongo.

Akauliza, "Uso uliuona?"

"Niliuona, Juba."

"Kwa macho yako? Siyo yule Mwarabu kakuambia?"

"Kwa macho yangu."

"Mwanya wake?"

"Upo."

Akaweka kisu chini. Akapangusa utomvu wa ndizi kwenye mikono, kidole kimoja kimoja. Akasimama kwa kujishika ukuta, akazunguka nyuma ya nyumba, mimi nikabaki nimekaa, nikidhani amekwenda kuchota maji.

Kisha nikaisikia. Sauti ile hamkuisikia nyinyi mliokuwa mjini, lakini waliokuwa mashambani mpaka ng'ambo ya mto waliisikia. Nilikuwa sijawahi kumsikia mama yangu akilia hivyo, hata baba alipofariki. Majembe yalinyamaza. Watu wakaanza kutokea kwenye migomba, mmoja mmoja, wanawake wakijifunga khanga kiunoni huku wanatembea.

Mama mmoja kutoka bondeni, aliyekuwa amebeba kikapu cha majani ya chai mgongoni akiyapeleka kupimwa, alisimama barabarani akanipigia ukelele.

"Gwakisa! Nani amekufa?"

"Lusajo," nikamwambia.

Akatua kikapu chake palepale, akaingia.